Kiapo cha Prefe

Simu ya Mwami ilimkuta Callixte amepiga magoti sebuleni, anakaza skrubu ya kiti kilichokuwa kikicheza. Ilikuwa Jumamosi saa nne asubuhi. Mkewe, Spéciose, alikuwa jikoni akipara magamba ya sato, na kutoka huko alimsikia mumewe akisema "ndiyo" mara tatu, kila moja nyembamba kuliko iliyotangulia. Kisha kiti kikaburutwa. Alipochungulia, alimkuta Callixte amesimama wima katikati ya chumba, simu imelala kwenye kiganja kama sahani ya kupokelea kitu, na kwa mkono wa pili anafunga kifungo cha juu cha shati.

"Ekselansi, uko unanisikia?" sauti ilisema.

"Niko nasikia, Félix. Lakini usiniite hivyo, mimi ni mwalimu tu."

"Ulikuwa mwalimu. Tangu jana jioni wewe ni Waziri wa Elimu wa Bushovu. Mwami mwenyewe ametaja jina lako mbele ya wazee."

Bushovu ni ufalme mdogo wa milimani, mashariki mwa Kongo. Félix alikuwa katibu wa Mwami, mfalme wao, na Callixte alikuwa amesimamia shule ya sekondari ya ufalme huo kwa miaka kumi na tisa. Kwao mkuu wa sekondari huitwa prefe, na jina hilo lilimfuata mpaka Husby, kaskazini mwa Stockholm, ambako hata Warundi na Watanzania walimwita Prefe bila kujua lilikotoka. Walichojua wote ni kwamba Prefe alikuwa akisafisha shule. Alfajiri alipiga deki korido, mchana alifuta meza za bwalo la wanafunzi.

"Mwami mpya ni kijana, amesoma," Félix aliendelea. "Ameunda serikali yake ya kimila, mawaziri saba. Kiapo ni tarehe kumi na nne mwezi wa sita. Na unajua kiapo chetu, Ekselansi. Hakiapwi kwa simu. Lazima mguu ukanyage udongo."

Simu ilipokatwa, Spéciose alisogea hadi mlangoni. Alikuwa bado ameshika kisu, magamba yamemnata mikononi hadi kwenye viwiko.

"Na karatasi?" aliuliza.

Callixte aligeuza macho kwenye kabati. Wote wawili walijua pasi yake ya ukimbizi ilikuwa kwenye droo gani na imeandikwa nini: inatumika nchi zote isipokuwa moja. Alikuwa amekimbia Bushovu kwa sababu wapiganaji walimtaka awape orodha ya wavulana wa madarasa mawili ya juu ili wawafanye askari, naye akaichoma ile orodha jikoni mwa shule huku wakimsubiri ofisini. Alipewa hifadhi Sweden kwa kisa hicho. Mkewe na binti yake walikuwa wameshapata uraia wa Sweden, ila ombi la Callixte lilikuwa bado kwenye foleni. Kibali chake kilisimama juu ya neno moja, kwamba hawezi kurudi.

Mélissa, binti yao wa miaka kumi na sita, alitoka chumbani na nywele zimefungwa kitambaa. Alikuwa amesikia yote. Aliuliza kwa Kiswidi, kama alivyozoea kuwajibu wazazi wake:

"Waziri wa nini? Na wanalipa?"

"Hawalipi," Callixte alisema kwa Kiswahili. "Ni heshima."

"Kwa hiyo unapoteza likizo yako yote kwenda kufanya kazi ya bure."

"Mélissa," mama yake alisema.

Binti akachukua maziwa kwenye friji, akarudi chumbani. Callixte alikaa juu ya kile kiti. Hakikucheza tena.

"Nitashukia Entebbe," alisema polepole, kana kwamba anamsomea mtu mwingine ratiba. "Nitapanda basi hadi mpakani. Kadi yangu ya kura ya zamani, kitambulisho cha kwetu, bado ninayo, nitavuka nayo. Pasi haitagongwa muhuri wa Kongo. Siku nane, Spéciose. Nani atajua?"

Spéciose alimtazama. Miaka kumi na moja alikuwa akiishi na mwanamume huyu Husby, na kila mwaka sauti yake ilikuwa ikishuka. Vyeti vyake vilipelekwa kukaguliwa, vikarudi na barua ya kumtaka afanye mtihani wa lugha wa ngazi ya juu. Alifanya mara tatu, akashindwa mara tatu, ya mwisho kwa alama mbili. Baada ya hapo aliacha kununua daftari. Majira ya baridi yaliyopita aliona kosa la hesabu ubaoni, kwenye darasa alilokuwa akisafisha, akachukua kalamu akalisahihisha. Siku ya pili mwalimu kijana alimfuata koridoni, akamwomba kwa upole mkubwa, na kwa sauti ya kumwelewesha mtoto, asiguse maandishi ya ubaoni. Callixte alimsimulia mkewe kisa hicho akicheka. Hakukirudia tena.

Yote hayo yalimpita Spéciose kichwani akiwa pale mlangoni. Aliona pia kile kifungo cha juu cha shati, kilichofungwa vizuri.

"Nenda," alisema. "Nenda, Baba Mélissa. Mtu haitwi mara mbili."

* * *

Habari ilifika Hallunda kabla yao. Kila Jumapili mchana kanisa lao lilikodi ukumbi huko, upande wa pili wa jiji, karibu na mwisho wa reli nyekundu. Wiki ile mchungaji alimwita Prefe mbele baada ya matangazo. Kina mama wa Bushovu, hawakuzidi watano, walipiga vigelegele. Watu waliokuwa wakimpita na kumpungia mkono tu walisimama foleni wamsalimie kwa mikono miwili. Spéciose, ambaye ni Mrundi wa Bujumbura, aliyekutana na Callixte akiwa tayari mkimbizi na hajawahi kuiona Bushovu kwa macho, alijikuta anaitwa Mama Waziri.

Kwenye chai, Valéry alimvuta pembeni. Valéry alikuwa Mrundi mwenzake, dereva wa basi la jiji, mtu wa maneno machache.

"Dada, mimi si mtu wa kuharibu furaha," alisema. "Lakini mwambie Prefe asiende. Siku hizi Uhamiaji wanaangalia. Jirani yangu wa Fisksätra alikwenda kumzika mama yake, aliporudi wakamwita. Mpaka leo anaitwa."

"Jirani yako ni nani? Yeye ni waziri?"

"Ndiyo maana nasema. Yule alikwenda kimyakimya. Prefe anakwenda kupigiwa ngoma."

Spéciose aliweka kikombe mezani. "Valéry, ulipopata leseni ya basi tulikupikia pilau. Hakuna aliyekuja kukuambia mabasi hupata ajali."

Valéry alimtazama, akainamisha kichwa. "Samahani, dada," alisema, akaenda zake kutafuta koti.

Spéciose alirudi kwa kina mama. Moyoni alisema ni wivu, na alisema hivyo kwa nguvu kwa sababu sehemu fulani ndani yake ilijua si wivu.

* * *

Picha ziliingia tarehe kumi na nne, saa saba mchana. Spéciose alikuwa kazini. Alifanya kazi ya kuhudumia wazee majumbani, kazi ya kuitwa, leo nyumba sita, kesho hakuna. Saa ile alikuwa kwa bibi mmoja wa Kiswidi anayeitwa Gunnel, akisubiri amalize supu.

Ya kwanza ilikuwa ya umati uwanjani. Ya pili ndiyo iliyomfanya akae chini. Callixte alikuwa amevaa suti yake ya kijivu, na juu yake amevishwa joho la magome ya mti. Kichwani ana kofia ya manyoya, mkono wa kulia uko juu ya ngoma ya ufalme. Nyuma yake Mwami ameketi. Lakini Spéciose hakumtazama Mwami. Aliutazama uso wa mumewe. Kidevu kilikuwa juu, na macho yalikuwa ya mtu anayetarajia kusikilizwa.

"Unalia?" Gunnel aliuliza.

"Hapana. Ni mume wangu huyu."

Bibi alivaa miwani, akaisogeza simu karibu, akaisogeza mbali. "Anacheza tamthilia?"

"Ni waziri."

"Aa," Gunnel alisema kwa adabu, akarudi kwenye supu.

Spéciose aliosha sahani, akamfunika bibi miguu, akamwandikia dawa za jioni kwenye daftari. Alipofika chini ya ngazi, kabla hajafungua baiskeli ya kazi, aliiweka ile picha ya pili kwenye ukurasa wake wa Facebook. Aliandika: Mume wangu, Waziri wetu wa Elimu, leo mbele ya Mwami wa Bushovu. Akatia mioyo mitatu. Alipofika nyumba inayofuata, watu arobaini walikuwa wameshampongeza, na wengine hakuwafahamu kabisa.

* * *

Callixte alirudi amekonda na amechangamka. Alileta kitambaa kwa Mélissa, asali kwa mkewe, na orodha ya shule arobaini na tatu zilizokuwa chini yake. Kumi na saba hazikuwa na paa. Alibandika orodha hiyo kwenye mlango wa friji, na kila siku akitoka kazini aliketi mezani na simu, akaongea na wakuu wa shule mmoja baada ya mwingine: walimu wangapi, wasichana wangapi wameacha, chaki inatoka wapi. Aliandika barua kwa mashirika. Aliandika mwongozo wa mitihani wa kurasa thelathini, kwa Kifaransa na kwa Kiswahili. Shuleni aliendelea kupiga deki kama kawaida, ila sasa alipiga deki akipiga mluzi.

Miezi minne ilikwenda hivyo. Spéciose baadaye alikuwa akiihesabu kama mtu anayehesabu likizo iliyokwisha.

Barua ya Uhamiaji ilikuja mwezi wa kumi. Mélissa ndiye aliyeifungua, kwa kuwa barua zote za serikali alizifungua yeye tangu akiwa na miaka tisa. Aliisoma kimya mara moja, akairudia. Wazazi wake walikuwa wamesimama kila upande wa meza.

"Inasemaje?" Callixte aliuliza.

Mélissa alijaribu kwa Kiswahili, akakwama, akaendelea kwa Kiswidi. "Wanasema wamepata taarifa kwamba ulirudi nchi uliyoikimbia. Wamefungua uchunguzi. Wanafikiria kukuondolea hadhi ya ukimbizi na kibali cha kuishi."

"Taarifa kutoka kwa nani?"

"Haijaandikwa, pappa."

Callixte aliichukua barua, akaitazama juu chini ingawa maneno mengi yalimpita. Kisha akaikunja sawasawa, kona kwa kona, kama anavyokunja mtu karatasi ya mtihani asiyotaka wengine waione.

"Ni uchunguzi tu," alisema. "Mtu akiulizwa, anajibu."

* * *

Walipewa wakili. Jina lake Kamila, mwanamke kijana aliyezaliwa Stockholm kwa wazazi wa Unguja. Kiswahili chake kilikuwa cha jikoni kwa mama yake, laini na kifupi, na akichoka alirukia Kiswidi. Alikuwa na ofisi ndogo yenye faili hadi sakafuni. Alimsikiliza Callixte mpaka mwisho bila kumkatiza, jambo ambalo Spéciose alilipenda.

"Mzee," alisema kisha, "sitaki kukuficha. Safari peke yake tungeweza kuieleza. Kifo, ugonjwa, mtu anaelewa. Tatizo ni hicho cheo. Wao watauliza: mtu anayewindwa, anaapishwaje uwanjani?"

"Wapiganaji wako kwenye milima ya magharibi," Callixte alisema. "Mwami aliweka walinzi siku ile. Walinzi wakiondoka, mimi ni mtu wa kufa. Hilo ni kweli."

"Najua ni kweli. Lakini kuna njia moja tu ya kulisema likaingia masikioni mwao." Kamila alisogeza kiti mbele. "Useme ni cheo cha ngoma. Mapambo. Mtu anavishwa kofia, anapigwa picha, yamekwisha. Huna ofisi, huna mamlaka, hukufanya lolote baada ya pale. Ulikwenda kwa sababu wazee wa ukoo walikulazimisha. Ukisema hivyo, tunaweza kupigania."

Callixte alitazama mikono yake. "Nina shule arobaini na tatu."

"Mzee, mbele yao usiwe nazo."

"Miezi hii nimefungua mbili zilizokuwa zimefungwa. Watoto mia tatu na kumi wamekaa darasani. Niseme hawapo?"

"Sema hulijui jambo hilo," Kamila alisema taratibu. "Nakuomba. Una mke hapa, una mtoto hapa."

Walipotoka, Spéciose alimshika mkono njiani, jambo ambalo hawakuwa na desturi nalo. "Utasema kama alivyosema yule binti," alimwambia. Callixte alitikisa kichwa kukubali. Alikubali kweli, wakati ule.

* * *

Mahojiano yalikuwa mwezi wa kwanza. Spéciose aliruhusiwa kukaa ndani kumsindikiza mumewe, kwa sharti la kutosema neno. Ofisa alikuwa kijana anayeitwa Filip, mwenye sauti ya chini na chupa ya maji aliyowagawia wote. Hakuwa mkali. Ingekuwa rahisi zaidi kama angekuwa mkali. Mkalimani alikuwa kwenye spika ya simu mezani, Mkenya kwa lafudhi, na kila Callixte alipotaja "prefe" aliomba arudie.

Saa nzima Callixte alijibu vizuri. Wapiganaji wapo. Wanamjua kwa jina. Alilazimishwa na ukoo. Kamila, pembeni, alikuwa akiandika na kuitikia kwa kichwa kidogo.

Kisha Filip akatoa karatasi kwenye bahasha, akaiweka katikati ya meza. Ilikuwa ile picha, imechapishwa kwa rangi. Joho, kofia, mkono juu ya ngoma. Na juu yake, herufi ndogo lakini zinasomeka: jina la Spéciose, mioyo mitatu, na maneno aliyoyaandika chini ya ngazi kwa bibi Gunnel.

Spéciose aliona mumewe akiisoma karatasi. Alimwona akifika kwenye jina. Hakugeuka kumtazama.

"Huyu ni wewe?" Filip aliuliza.

"Ni mimi."

"Wakili wako ametuandikia kwamba hiki ni cheo cha mapambo, hakina kazi. Ni sahihi?"

Mkalimani alitafsiri. Kamila aliacha kuandika.

Spéciose alikuwa akiomba kwa Kirundi ndani ya kinywa kilichofungwa. Sema ni mapambo. Sema tu. Alikuwa ameishi na Callixte vya kutosha kujua shingo yake inavyokuwa kabla hajakataa jambo, na sasa aliiona ikiwa hivyo.

"Bwana," Callixte alisema, "nchini kwako nimefanya kazi miaka kumi na moja. Nashukuru, nimelisha familia. Nimefuta meza na nimezifuta vizuri. Ukiniuliza kama hiyo ni kazi, nasema ni kazi. Lakini ukiniuliza juu ya hii hapa, siwezi kukwambia ni mapambo. Ni kazi ya kweli. Ninaifanya kila siku nikitoka kwenye ile nyingine."

Mkalimani alitafsiri yote, neno kwa neno. Filip aliandika kwa muda mrefu. Alipomaliza aliuliza kama wanataka mapumziko.

Walirudi kwa treni ya bluu, wamekaa bega kwa bega. Behewa lilikuwa limejaa watoto wa shule. Walipopita kituo cha nne, Spéciose alisema:

"Ni mimi niliyeiweka."

"Nimeona."

"Valéry aliniambia. Nilimtukana."

Callixte alikuwa anatazama dirishani, ingawa treni ilikuwa ndani ya mwamba na hakuna kitu nje. "Ilikuwa picha nzuri," alisema.

* * *

Uamuzi ulikuja majira ya kuchipua. Hadhi imeondolewa, kibali kimeondolewa. Walikata rufaa, wakashindwa. Walijaribu ngazi ya juu, huko kesi haikupokelewa. Ulipita mwaka na miezi miwili wa bahasha, na zote alizifungua Mélissa, ambaye sasa alikuwa na miaka kumi na minane na alikuwa amejifunza kusoma mstari wa mwisho kwanza.

"Kama mume wa mwanamke mwenye uraia, anaweza kuomba upya," Kamila alieleza siku ya mwisho. "Lakini hiyo huombwa kutoka nje, si kutoka hapa. Na wataangalia kipato chako, mama. Kazi ya kuitwa haihesabiki kama kazi ya kudumu."

"Kwa hiyo nitafute ya kudumu."

"Ndiyo."

"Nimeiomba miaka sita, mwanangu."

Kamila alivua miwani.

Mkataba wa Callixte shuleni ulikoma siku kibali kilipokoma. Kina mama wa Hallunda waliacha kusema Mama Waziri. Wengine waliacha hata kupiga simu, si kwa ubaya, ila mtu hajui aseme nini. Valéry alikuja mara moja na mfuko wa viazi na dagaa. Alikaa nusu saa, hakugusa habari ile, akaondoka.

Kilichobaki kilikuwa Bushovu. Callixte alilisema hilo Jumatano moja mezani, akijaribu kuliweka vizuri. "Nikienda huko si kama mtu asiye na pa kwenda. Nina kazi. Mwami atanipa walinzi, atanipa nyumba mjini, nitazitembelea shule kwa miguu yangu. Huenda Mungu ndivyo alivyopanga." Akampigia Félix, akaweka sauti wazi, ili mkewe na binti yake wasikie kwamba anapokewa.

"Ekselansi," Félix alisema. "Habari za Ulaya?"

"Félix, narudi. Moja kwa moja. Mwezi ujao niko hapo, niwe karibu na kazi."

Walisikia mbuzi upande wa pili, na mlango ukifungwa.

"Unarudi kwa nini?"

Callixte alieleza. Alieleza kwa ufupi, bila kulalamika, kama anavyotoa ripoti. Félix alikohoa.

"Mzee wangu," alisema, na wote watatu pale mezani waliona kwamba jina limebadilika, "hilo ni jambo zito. Unajua Mwami alikuchagua kwa sababu uko huko. Huku walimu tunao. Alitaka mtu aliye Ulaya, anayeweza kuingia maofisini, kuleta wafadhili, siku moja kumwalika Mwami mwenyewe. Waziri aliye hapa hapa kijijini, bila karatasi, atatusaidia nini?"

"Nimefungua shule mbili."

"Tunashukuru sana. Kweli. Lakini kuna ndugu yetu mmoja yuko Brussels, ni mhandisi. Wazee walikuwa wameshaanza kumzungumzia, tangu waliposikia una matatizo. Usichukue vibaya. Na mimi kama ndugu nakwambia, usije Bushovu sasa. Wale watu wameshuka mpaka mtoni. Walinzi wa Mwami hawatoshi hata kumlinda Mwami."

"Sawa, Félix," Callixte alisema. "Nisalimie Mwami."

Alikata simu. Mélissa alisimama, akazunguka meza, akamwekea baba yake mkono begani. Alikaa hivyo kidogo, kisha Callixte akaupigapiga ule mkono mara mbili, akasema ana kiu.

* * *

Aliondoka mwenyewe mwezi wa nane, kabla polisi hawajapewa faili lake, akiwa na sanduku moja na mfuko wa vitabu. Hakufika Bushovu. Alikaa Kisoro, upande wa Uganda, mji ulio karibu kabisa na mpaka, kwenye chumba kimoja nyuma ya duka la saruji. Anafundisha Kifaransa watoto wa wafanyabiashara, wanne asubuhi na watatu mchana. Wakuu wa shule za Bushovu walimpigia simu miezi miwili ya kwanza kuuliza habari za mitihani. Yeye aliwajibu kila mmoja, akawaeleza kwamba waziri sasa ni mtu mwingine, akawapa namba ya Brussels. Baadaye waliacha. Shule moja kati ya zile mbili imefungwa tena.

Mélissa amehamia Malmö kusoma. Spéciose yuko Husby, na kila Jumapili baada ya kanisa anampigia mumewe kwa video. Mwanzoni walizungumza saa nzima. Kulikuwa na fomu ya ombi jipya la kibali ya kuzungumzia, na barua Spéciose aliyoandikiwa na msimamizi wake kazini kwamba nafasi ya kudumu haijapatikana mwaka huu. Fomu ilipokataliwa, habari zilianza kupungua.

Jumapili iliyopita Callixte alikuwa ameketi kitandani, ukuta wa bluu nyuma yake. Amezeeka. Ndevu ni nyeupe na hakuzinyoa.

"Umekula nini?" aliuliza.

"Wali na maharage. Na wewe?"

"Viazi."

"Vitamu?"

"Vya mviringo."

Spéciose alimwambia theluji imeanza. Callixte alimwambia huko mvua imenyesha, imekatika. Aliuliza habari za Mélissa, akaambiwa ni mzima. Aliuliza habari za Valéry, akaambiwa ni mzima. Kisha kila mmoja akabaki anamtazama mwenzake kwenye kioo kidogo, akingoja mwenzake apate neno. Picha ilikuwa safi. Spéciose aliweza kuona hata kifungo kilichokosekana kwenye shati lake, na inzi anayetembea ukutani.

"Mtandao unakatakata," Spéciose alisema.

Callixte alimtazama, akaitikia kwa kichwa taratibu.

"Ndiyo," alisema. "Hata huku nauona unakatika."